Shamba Lililowekwa Winguni

Jana yake kisima hakikuwapo. Ruthi alikuwa na uhakika, maana ni yeye mwenyewe aliyelifyeka lile eneo la nyuma ya nyumba, akang'oa visiki vinne, akaacha peupe. Leo ametoka kazini saa kumi na robo, hata viatu hajavua vizuri, amefungua kompyuta sebuleni kwake Nguvumali, Tanga, na kisima cha mawe kimesimama palepale, na kamba yake na ndoo yake.

Akatabasamu. Akamtumia mumewe meseji: "Kisima kimependeza. Ahsante."

Manase akajibu baada ya saa nzima: "Ahsante wewe, fundi." Akamalizia na kile kikaragosi cha kucheka. Ruthi akaona anataniwa, akaliacha hapo.

Kisima chenyewe kilikuwa cha kwenye gemu. Ruthi alikuwa karani wa shule ya sekondari, na Manase alifanya kazi na kampuni ya kutoa mizigo forodhani, kule mpakani Horohoro. Huko alipanga chumba, na Tanga alirudi kila baada ya wiki mbili, Jumamosi. Ndoa yao ilikuwa na miaka saba bila mtoto. Walikuwa wamezunguka hospitali, wameombewa kanisani, mama yake Ruthi ameteremka kutoka Mlalo, milimani, na mizizi yake ndani ya chupa ya soda. Mwishowe wakachoka kuulizana. Pale palipokuwa na mazungumzo yale, shamba likaingia.

Lilikuwa shamba la kwenye kioo, lenye mahindi, ng'ombe wawili, na mkulima mmoja tu, mwanamke wa gauni jekundu na kofia ya ukindu, ambaye walimwendesha kwa zamu. Ruthi alicheza jioni akitoka kazini. Manase alicheza alfajiri kabla ya malori kuanza kupanga foleni. Ruthi akifunga gemu, kila alichofanya kilipanda mtandaoni, mahali ambapo Manase alipaita wingu. Kule Horohoro Manase akifungua, kinashuka, anaanza pale mkewe alipoishia.

"Hata kompyuta ikiungua, hata ikiibwa, shamba letu lipo," Manase alimwambia siku alipoliunganisha. Ruthi alilipenda neno lile. Katika maisha yao walikuwa na kitu kimoja kisichoweza kupotea.

Nyumba ya shambani ilikuwa na vyumba viwili. Miaka mitatu nyuma, asubuhi moja, Manase aliongeza cha tatu, akaweka kitanda kidogo. Hakusema kitu. Ruthi alipokiona hakusema kitu pia. Alitandika tu mkeka pembeni ya kitanda, akafunga gemu, akaenda kupika.

Sasa wiki moja baada ya kisima, mbele ya chumba kile palikuwa na kibao cha mbao. Katika gemu ile unaweza kusimamisha kibao ukaandika maneno. Wao waliandika utani, "mbuzi wasiingie", na mengine kama hayo. Kibao hiki kiliandikwa: CHUMBA HIKI KINA MWENYEWE?

Ruthi alikaa akikitazama mpaka macho yakajaa. Akajisemea, masikini Mana, mdomo umemshinda ameamua kuandika. Akainama kwenye kompyuta, akajibu chini yake: BADO. AJE TU, AMEKARIBISHWA.

Akafunga. Pembeni ya kioo kile kiduara cheupe kikaanza kuzunguka, ishara kwamba shamba linapanda winguni. Siku nyingine kilizunguka mara nne au tano kikaisha. Siku ile kilizunguka mpaka chai ikapoa.

Jumamosi Manase akaja. Hakutaja kibao, na Ruthi hakutaja, kila mmoja akimwonea mwenzake haya. Lakini walikuwa laini kwa namna ambayo walikuwa wameisahau. Baada ya wiki sita Ruthi alisimama chooni na kipimo mkononi, mistari miwili, akapiga simu Horohoro na kushindwa kusema. Manase upande wa pili akaelewa kwa kile kilio tu. Akawaacha madereva dirishani na makaratasi yao, akaenda nyuma ya ofisi, akapiga magoti kwenye changarawe.

Walikuwa na furaha ya wiki tatu.

Kwanza ikaja harufu. Nyumba waliyopanga ilikuwa ya Bi Mwamvua, mjane aliyeishi upande wa pili wa ua, na ilikuwa na chumba kimoja cha ziada walichowekea magunia na baiskeli mbovu. Siku moja Ruthi anaanua nguo, Bi Mwamvua akasimama katikati ya ua, pua juu.

"Shikamoo, Bi Mwamvua."

"Marahaba, mwanangu. Mnafukiza udi siku hizi?"

"Sisi? Hapana. Hata chetezo sina."

"Miye nafukiza Alhamisi tu, na leo Jumanne." Bi Mwamvua akageukia dirisha la chumba cha magunia, akashusha sauti. "Na huu si udi wangu. Huu una tope ndani yake. Kama udi uliochimbuliwa."

Kisha ikaja sauti. Ruthi yuko jikoni, mchana wa Jumapili, jua kali nje, anamenya viazi, akasikia kamba inateleza juu ya jiwe, taratibu, halafu ndoo inapiga maji mbali chini. Akaacha kisu. Katika ua ule hapakuwa na kisima. Walikuwa na bomba. Akasikiliza tena. Kamba ikapanda, kama vile anayeivuta ana subira nyingi sana, na ilipofika juu maji yakamwagwa, na kutoka chini ya mlango wa chumba cha magunia kikatoka kijito chembamba kama kidole, kikapita kwenye sakafu mpaka kwenye nyayo zake, na kilikuwa cha baridi.

Alifungua mlango. Magunia yalikuwa makavu. Baiskeli ilikuwa kavu. Harufu ya udi na tope ilimpiga usoni kama mtu aliyekuwa amesimama karibu akapumua.

Hakujua kwa nini alikwenda moja kwa moja kwenye kompyuta. Alikuwa hajacheza tangu siku ya kipimo, na Manase kadhalika, maana sasa walikuwa na mambo mengine ya kuzungumza. Akafungua. Kila shamba lililohifadhiwa huandikwa saa lilizochezwa. Mara ya mwisho zilikuwa mia nne na kumi. Sasa zilikuwa zaidi ya mia tisa. Mahindi yote yalikuwa yamekatwa. Ng'ombe hawakuwapo. Chumba kidogo kilikuwa kimefungwa, moshi ukitoka kwenye kingo za mlango, na Ruthi alipompeleka yule mwanamke wa gauni jekundu kuufungua, mwanamke alifika mlangoni akasimama, akageuka, akamtazama Ruthi. Mbele yake palikuwa na kibao kipya: NIMEFIKA. AHSANTE MWENYE NYUMBA.

Alimpigia Manase akiwa amejifunga kanga kichwani, amesimama uani juani.

"Mana, ile ya chumba. Kibao. Nijibu kweli, usinitanie. Uliandika wewe?"

"Mimi nilidhani wewe," Manase akasema. "Niliposoma 'kina mwenyewe' niliumia, nikaona unanilaumu. Halafu nikaona umejijibu mwenyewe. Nikasema nikuache."

"Na kisima?"

"Ruthi, mimi sijachimba kisima."

Akamsikia anafungua kompyuta yake kule. Akamsikia anahema. "Ngoja. Hapa pana orodha ya mashine zinazotumia akaunti yetu," alisema, na sauti yake ikawa ndogo, kama mtu anayeongea kanisani. "Ya Tanga. Ya Horohoro. Na kuna ya tatu."

"Ya nani?"

"Haina jina. Sehemu ya mahali ilipo imeachwa wazi. Imeandikwa tu, inatumika sasa hivi."

Walikubaliana kulifuta shamba. Manase alimweleza wafanye kwa pamoja, kwa sababu upande mmoja ukifuta na mwingine ukabaki, wingu litalirudisha. Simu sikioni, wakahesabu: moja, mbili, tatu. Likafutika. Kioo kikawa kitupu, na Ruthi akashusha pumzi. Halafu, pembeni, kiduara cheupe kikaanza kuzunguka.

"Mana. Linashuka."

"Hata huku," Manase akanong'ona. "Hata huku, mke wangu. Sijagusa kitu."

Walibadilisha neno la siri mara tatu. Waliwaandikia wenye gemu, wakaomba akaunti ifungwe. Wakajibiwa kwa adabu kwamba akaunti yao ina mashine mbili tu na haina tatizo, na ombi la kuifunga limekwama kwa kuwa kuna mtu anaitumia. Manase aliiondoa gemu kwenye kompyuta zote mbili, akadhani hilo litasaidia. Harufu ilizidi. Mchungaji alikuja na wazee wawili wa kanisa, wakaimba, wakaomba kila chumba, na kwa siku tatu nyumba ikawa na harufu ya nyumba. Siku ya nne Ruthi alisikia kile kitanda kidogo kikilia, kitanda ambacho hakikuwamo ndani ya nyumba ile wala hakijawahi kuwamo, kikilia kama kinavyolia mtu anapojigeuza upande wa pili, na mtoto tumboni akajigeuza naye, wakati uleule.

Mimba ilikuwa ya miezi saba Bi Mwamvua alipokuja kukaa naye jamvini.

"Dini yako iache palepale, mwanangu, hakuna anayekubadilisha. Lakini huyu jini ni wa huku kwetu. Naomba nikuitie Ustadhi Yasini."

Ustadhi alikuja Ijumaa baada ya swala ya alasiri, mtu mwembamba, mwalimu wa madrasa, aliyevua viatu vyake na kuvipanga vizuri mlangoni. Hakuuliza mengi. Alisomea maji bakulini, akamnyunyizia Ruthi usoni, akaanza kusoma kwa sauti ya chini, na Manase, aliyeomba ruhusa ya siku mbili kazini, alikaa nyuma ya mkewe akimshika mabega. Akasoma mpaka jasho likamlowesha kanzu. Ndipo Ruthi, Mshambaa wa Mlalo ambaye hata baada ya miaka kumi Tanga watu walimcheka kwa lafudhi yake ya milimani, akafungua mdomo akasema kwa sauti nzito, kwa Kiswahili cha wazee wa pwani ya Tongoni:

"Miye sikuja kwa nguvu."

"Assalamu alaikum," Ustadhi akasema. "Nani wewe?"

"Mpangaji."

"Nani kakupangisha?"

"Nalikuta nyumba i tupu. Nikachimba maji nikangoja. Nikabisha hodi kwa maandishi. Mwenye nyumba kaniandikia kwa mkono wake, aje tu, amekaribishwa. Weye ungeandikiwa hivyo ungekwenda wapi?"

Manase akalia. Bi Mwamvua akamfanyia ishara anyamaze.

"Huyu mwanamke hakukusudia wewe," Ustadhi akasema. "Toka ndani yake. Toka ndani ya nyumba hii."

"Humu nitatoka. Ukisoma nitatoka, sikushindi." Ruthi akatabasamu tabasamu ambalo Manase hakulijua. "Na kule nilikowekwa, utanitoaje?"

"Kule wapi?"

"Kule wanakoweka vitu visipotee."

Ustadhi akageuka, akamtazama Manase. "Anasema wapi?"

Manase akajaribu kueleza, maneno yakimkwama: kwamba kuna hifadhi, kwamba mtu akifunga huku vitu vinapanda, vinakaa, vinashuka tena.

"Ndiyo. Hiyo hifadhi iko wapi? Nyumba gani, mji gani?"

"Hatujui, Ustadhi. Hakuna anayejua. Wanasema iko nchi nyingi kwa pamoja."

Vidole vya Ustadhi Yasini vilisogeza tasbihi bila mdomo kusoma. "Nimetoa majini kwenye mapango, kwenye mibuyu, kwenye magari," akasema mwishowe, taratibu, kama anayeomba radhi. "Lakini kote huko nilikwenda nikasimama hapo. Mahali ambapo siwezi kusimama nitamwambia toka, atoke aende wapi?"

Alisoma mpaka magharibi. Yule mpangaji alitoka ndani ya Ruthi, ndiyo, na alitoka ndani ya nyumba. Ile harufu ilikatika kama uzi. Ustadhi alikataa chai. Mlangoni alimshika Manase mkono, hakumtazama machoni.

Mtoto alizaliwa salama. Wakamwita Eliudi. Alikuwa na kilo tatu na nusu na nywele nyingi, na Bi Mwamvua alimwogesha kwa siku arobaini kama mjukuu wake. Manase alihamishiwa ofisi ya Tanga mjini. Kwa miezi mitatu waliishi kama watu wengine.

Kisha siku moja, saa kumi na robo, Ruthi ananyonyesha, Eliudi akaacha titi. Hakulia, hakulala. Macho yalibaki wazi yakitazama juu, mwili ukawa laini na mzito, na hata Ruthi alipomwita, alipompulizia, alipomfinya kisigino, hakuna kope iliyocheza. Alikuwa anapumua. Hakuwapo. Na juu ya meza simu ikatoa mlio, na kwenye kioo chake kulikuwa na ujumbe kutoka kwa gemu ambayo haikuwamo tena ndani ya nyumba ile: Shamba lako limefunguliwa.

Manase aliwakuta wamekaa hivyohivyo. Ilipofika saa kumi na moja kasoro dakika tano simu ikalia tena: Shamba lako limehifadhiwa. Muda wa kucheza, dakika arobaini. Palepale Eliudi akavuta pumzi, akakunja uso, akalia kilio cha njaa, mzima kabisa. Ruthi akamfungua nepi na soksi ili amtazame mwili mzima. Katikati ya vidole vya miguu, vidole vya mtoto ambaye hajawahi kugusa ardhi, palikuwa na tope.

Ikawa kila siku. Hospitali walimpima kichwa na damu, wakaandika kifafa, wakampa dawa zilizomfanya asinzie asubuhi na zisizobadilisha kitu jioni. Ruthi aliacha kazi. Saa kumi ikikaribia alimlaza mapajani, akamshika mikono, akamwambia, "Mama yupo, mama yupo," mpaka macho yake yalipobaki wazi bila mtu ndani. Halafu alingoja. Siku nyingine dakika ishirini. Siku nyingine saa mbili. Kilichomuumiza zaidi, ambacho hakumwambia hata Manase, ni kwamba mtoto alipofikisha mwaka na kuanza kusimama kwa kushika viti, alirudi kutoka kule akicheka.

Eliudi alikuwa na mwaka na nusu barua ilipokuja kwenye simu ya Manase. Wenye gemu walikuwa wanaifunga. Mwisho wa mwezi wa sita, mashamba yote yaliyohifadhiwa yatafutwa moja kwa moja, na hayataweza kurudishwa.

Manase alisoma mara mbili. Kitu walichokiomba kwa magoti kwa miaka miwili kilikuwa kimeandikwa pale, na tarehe yake. Akamtazama mkewe, akaona naye amekwisha kuwaza alichowaza yeye.

"Na wakifuta akiwa kule?" Ruthi akauliza.

"Watafuta saa ngapi, hawakusema."

"Na wakifuta yuko hapa, kile anachochukuliwa kila siku kitabaki wapi? Mana, mimi sijui ni kiasi gani cha mwanangu kiko huku na kiasi gani kiko kule."

Walikwenda kwa Ustadhi Yasini. Aliwasikiliza mpaka mwisho, akasema, "Wallahi siwezi kuwaambia ruhusuni, na siwezi kuwaambia zuieni."

Basi Manase, ambaye aliwahi kulifuta shamba lile mara kumi na moja, alikesha wiki nzima akiliokoa. Aliirudisha gemu kwenye kompyuta. Akalishusha shamba, akalinakili kwenye flashi tatu, moja akaifunga kwenye mfuko wa nailoni akaishonea ndani ya mto wa mtoto. Alisoma kila herufi mara mbili asije akakosea.

Siku ya mwisho ilikuwa Jumatatu. Saa kumi wote walikuwa sebuleni. Bi Mwamvua kwenye kigoda mlangoni na tasbihi yake, Manase mbele ya kompyuta, Ruthi kwenye mkeka, Eliudi mapajani akitafuna kona ya kanga. Jua lilikuwa linapiga dirishani. Redio ya jirani ilikuwa inasoma matangazo ya vifo. Saa kumi na dakika kumi. Na robo. Simu haikulia.

"Labda wamekwisha kufunga," Manase akasema.

Kona ya kanga ikadondoka kutoka mdomoni mwa mtoto. Ruthi akahisi uzito ule, ule wa kila siku, ukimjaa mapajani, na wakati huohuo kompyuta ikawaka bila kuguswa, na shamba likafunguka mbele yao, kijani, pana kuliko walivyoliacha, lenye nyumba nyingi ambazo hawakuzijenga na visima mbele ya kila nyumba. Mlango wa chumba kidogo ulikuwa wazi. Kwa mara ya kwanza tangu ulipofungwa ulikuwa wazi. Mwanamke wa gauni jekundu akatoka polepole, ameinamisha kofia, amemshika mkono mtoto mdogo mwenye nywele nyingi aliyekuwa anakimbia kidogo ili amfikie, kwa miguu yake mwenyewe, bila kushika kitu, kuelekea kwenye zile nyumba.

"Eliudi!" Ruthi akaita. "Eliudi, mwanangu!"

Mtoto wa kwenye kioo akasimama. Akageuza kichwa, akatafuta sauti ilikotoka. Yule wa mapajani hakugeuka.